Kyoto kwa siku moja: kiongozi, mkalimani na suala la ukale

Makala haya yanahusu jambo ambalo kwa mtazamo wa kwanza laweza kuonekana dogo: ziara ya siku moja anayoandaliwa mgeni katika mji wa Kyoto, nchini Japani, ili aone majengo mashuhuri ya utamaduni wa nchi hiyo akiongozwa na mtu mwenye bendera ndogo mkononi. Tumelichagua kwa sababu mbili. Kwanza, ziara ya namna hiyo ni aina ya matini: ina mwanzo wake, mpangilio wake, msamiati wake, na hata mambo inayoyanyamazia. Pili, matini hiyo humfikia mgeni kwa njia ya tafsiri, nayo tafsiri ndiyo kazi yetu sisi tunaoshughulika na lugha. Neno moja hasa litatushughulisha, nalo ni "kale". Tangu asubuhi hadi jioni mgeni huambiwa kwamba anaona vitu vya kale. Hapana budi basi kuuliza ni kitu gani hasa, katika hivyo anavyoonyeshwa, kilicho cha kale.

Kyoto ilianzishwa mwaka 794, pale Mfalme Mkuu Kanmu alipouhamishia huko mji mkuu wake. Aliupanga kwa mfano wa Chang'an, mji mkuu wa Uchina wa zama zile, njia zake zikiwa zimenyooka na kukatana kama mistari ya ubao wa dama. Mji huo ulibaki kuwa makao ya wafalme wakuu kwa zaidi ya miaka elfu moja, hadi makao hayo yalipohamia Tokyo mwaka 1869. Mnamo mwaka 1994 UNESCO iliingiza katika Orodha ya Urithi wa Dunia mahali 17 pa Kyoto na miji jirani ya Uji na Otsu: mahekalu, ngome na bustani. Hakuna awezaye kupaona pote kwa siku moja, na hapo ndipo kazi ya kuchagua inapoanza.

Uchaguzi uliozoeleka ni huu. Asubuhi basi huelekea katikati ya mji na kaskazini-magharibi: Ngome ya Nijo, Jumba la Dhahabu, na mara nyingi Kasri ya zamani ya wafalme. Alasiri huelekea mashariki: Heian, kisha Sanjusangendo, kisha Kiyomizu iliyo mlimani. Waandaaji wengine huondoa kasri wakatia Fushimi Inari, yenye maelfu ya milango myekundu iliyopangwa moja nyuma ya mwingine hadi juu ya kilima, kila mlango ukiwa na jina la mtu au kampuni iliyoutoa. Kila mahali hutengewa kama saa moja, au pungufu. Mgeni huvua viatu mara kadhaa kwa siku, kwa hiyo ni busara avae soksi zisizotoboka.

Kiongozi na lugha yake

Kazi ya kuongoza wageni nchini Japani si kazi ya kubahatisha. Sheria iliyotungwa mwaka 1949 iliifanya kuwa taaluma yenye mtihani wa taifa, na jina lake kwa Kijapani ni "tsuyaku annaishi". Jina hilo lastahili kuchambuliwa: "tsuyaku" ni ukalimani, "annai" ni kumwonyesha mtu njia, na "shi" ni mwenye taaluma. Yaani sheria haimtambui kiongozi aliye kiongozi tu. Yamtambua mkalimani anayeongoza. Mtahiniwa hupimwa lugha ya kigeni, historia na jiografia ya Japani, pamoja na maarifa ya jumla. Kwa miongo mingi mtu asiye na cheti alikatazwa kuwaongoza wageni kwa malipo akitumia lugha ya kigeni. Katazo hilo liliondolewa Januari 2018 kwa sababu wageni walikuwa wamezidi sana idadi ya wenye vyeti, ingawa cheo chenyewe kimeendelea kulindwa na sheria.

Lugha za mtihani ni 10: Kiingereza, Kifaransa, Kihispania, Kijerumani, Kichina, Kiitalia, Kireno, Kirusi, Kikorea na Kithai. Kiswahili hakimo. Mgeni atokaye Kongo basi, akiwa amesoma Lubumbashi au Kisangani, atasikiliza habari za Kyoto kwa Kifaransa au kwa Kiingereza, kisha atakaporudi nyumbani atazisimulia kwa Kiswahili. Ni tafsiri ya tafsiri. Hali hii haitokani na Wajapani kutokijua Kiswahili. Osaka, mji ulio mwendo mfupi tu wa treni kutoka Kyoto, una chuo kikuu kinachofundisha Kiswahili kama somo kuu la shahada. Kazi hiyo ilianzishwa na Chuo Kikuu cha Lugha za Kigeni cha Osaka, ambacho mwaka 2007 kiliunganishwa na Chuo Kikuu cha Osaka. Nao watafiti wa Chuo Kikuu cha Kyoto wamekuwa Mahale, kando ya Ziwa Tanganyika upande wa Tanzania, tangu mwaka 1965 wakichunguza maisha ya sokwe, na kwetu Kongo wameishi Wamba tangu miaka ya 1970 kwa ajili ya bonobo. Wajuao Kiswahili wapo. Ila basi la watalii halipiti mlangoni pao.

Tofauti ya kwanza inayopotea katika tafsiri hiyo ya mikono miwili ni ile ya mahali pa ibada. Kijapani kina "tera", mahali pa Ubudha, dini iliyoingia kutoka bara kupitia Korea katika karne ya 6. Na kina "jinja", mahali pa kuabudia "kami" kwa desturi za Kishinto. Vitabu vyetu vichache huyaita yote mawili "hekalu", na msomaji hubaki hajui kwa nini mahali pamoja pana sanamu na pengine hapana, wala kwa nini mahali pamoja hupigwa kengele na pengine mtu hupiga makofi mara mbili mbele ya ukumbi. Sisi twapendekeza "hekalu" litumike kwa tera tu. Kwa jinja, Kiswahili cha pwani kina neno lililo karibu zaidi, nalo ni "mzimu" kwa maana yake ya mahali: pango, mti mkubwa au kichaka ambapo watu huenda kutambika. Kami wengi wa Japani waliabudiwa hivyo hivyo, kwenye mwamba au mti, kabla ya kujengewa nyumba, na hata leo mti mkubwa ndani ya jinja huzungushiwa kamba ya majani ya mpunga kuonyesha kwamba ni mtakatifu. Kikwazo ni kwamba huku kwetu Katanga neno hilo hutajwa hasa kwa maana ya roho ya marehemu, hata msomaji angedhani jinja ni mahali pa wafu, jambo ambalo Wajapani wenyewe wangelikataa kabisa, kwani mambo ya mazishi kwa kawaida wamewaachia watawa wa Kibudha. Katika makala haya tutaliacha neno "jinja" kama lilivyo. Waliobobea katika istilahi na waseme.

Asubuhi

Ngome ya Nijo ilijengwa mwaka 1603 kwa amri ya Tokugawa Ieyasu, shoguni wa kwanza wa ukoo uliotawala Japani kwa zaidi ya miaka 260. Shoguni alikuwa jemadari mkuu aliyeshika mamlaka yenyewe, huku mfalme mkuu akibakiwa na heshima. Ngome hiyo ilijengwa karibu na kasri kwa makusudi, ili mfalme asisahau nani mwenye nguvu. Ni humo humo, mwaka 1867, shoguni wa mwisho, Tokugawa Yoshinobu, alipowatangazia wakuu waliokusanyika kwamba anarudisha utawala kwa mfalme. Mwanzo na mwisho wa enzi moja umo katika jengo moja, na kiongozi hodari hulitumia jambo hilo vizuri.

Lakini kinachokumbukwa na wageni ni sakafu. Mtu akikanyaga ubao wa baraza za jumba la Ninomaru, ubao hulia kama ndege, nao Wajapani huuita "sakafu ya uguisu" kwa jina la ndege mdogo wa kwao mwenye sauti tamu. Simulizi la kawaida husema mafundi waliiunda hivyo ili adui anyemeleaye usiku asikike. Chini ya mbao mna vibano vya chuma na misumari inayosuguana mbao zinapobonyea. Hilo halina ubishi. Ubishi upo juu ya nia. Wapo wanaosema kwamba sauti hiyo haikukusudiwa na mjenzi yeyote, bali ilizuka kadiri misumari ilivyolegea kwa kukanyagwa miaka mingi. Maelezo haya ya pili yatupendeza zaidi, kwa sababu yanaufanya mlio kuwa kazi ya wakati na ya nyayo za watu. Hata hivyo si rahisi kuyauza kwa mgeni mwenye dakika 50.

Jambo jingine la Nijo hupitwa haraka mno. Milango na kuta za vyumba zimejaa michoro ya misonobari, chui na tai, kazi ya wachoraji wa ukoo wa Kano. Tangu mwaka 1972 michoro hiyo imekuwa ikinakiliwa kidogo kidogo, nakala zikiwekwa mahali pake, na ile ya asili ikihamishiwa ghala maalumu. Tangu mwaka 2005 sehemu yake huonyeshwa kwa zamu katika jumba la maonyesho lililo ndani ya ngome. Kwa hiyo mgeni anayesimama mbele ya msonobari wa dhahabu katika ukumbi mkuu aghalabu hutazama rangi zilizopakwa katika zama zetu. Tunda lenyewe limehifadhiwa. Mgeni ameonyeshwa ganda lake, nalo ni ganda zuri sana.

Kutoka hapo basi huelekea Kinkaku, Jumba la Dhahabu, ambalo ndilo kilele cha asubuhi. Shoguni Ashikaga Yoshimitsu alianza mwaka 1397 kujijengea makao mahali hapo, na baada ya kifo chake makao hayo yakawa hekalu la madhehebu ya Zen, jina lake rasmi Rokuonji. Jumba lina orofa tatu, kila moja na mtindo wake: ya chini yafuata nyumba za makabaila wa kale, ya kati nyumba za mashujaa wa vita, ya juu ukumbi wa Zen wenye asili ya Kichina. Orofa mbili za juu zimefunikwa kwa dhahabu, na sura ya jumba zima huonekana majini, kwenye ziwa dogo lililochimbwa mbele yake. Mgeni haingii ndani. Hufuata njia iliyowekewa mipaka, hupiga picha mahali pale pale ambapo kila mtu hupiga, na kwa dakika chache huwa amekwisha kusukumwa mbele na umati.

Jumba hilo lilikamilika mwaka 1955. Lile la Yoshimitsu lilinusurika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya karne ya 15 vilivyouteketeza mji, likanusurika vita vikuu vya pili, kisha usiku wa kuamkia tarehe 2 Julai 1950 mwanafunzi mmoja wa utawa, wa hekalu lile lile, alilitia moto likaisha lote. Nje ya Japani kisa hicho kinajulikana zaidi kwa riwaya ya Mishima Yukio iliyotoka mwaka 1956. Waliolijenga upya walikuwa na bahati: mwanzoni mwa karne ya 20 jengo la awali lilikuwa limefumuliwa na kukarabatiwa, na michoro na vipimo vya kazi hiyo vilikuwa vimetunzwa.

Hapa pana ajabu ambayo viongozi wengi huiruka. Kabla ya moto, dhahabu ya jumba la Yoshimitsu ilikuwa karibu yote imebanduka. Aliyelitembelea mnamo mwaka 1940 aliona mbao zilizopauka na alama tu za dhahabu. Mafundi wa mwaka 1955 waliirudisha dhahabu. Ikaanza kubanduka mapema, na katika miaka ya 1986 na 1987 ikapakwa nyingine, ya karatasi nene zaidi, jumla ya kilo 20 hivi. Jumba jipya basi lafanana na siku ya kwanza ya lile la kale kuliko lile la kale lilivyofanana na lenyewe katika uzee wake, na hata hivyo wataalamu wangali wanajadiliana kama orofa ya kati ilipata kuwa na dhahabu hapo mwanzo. Serikali ya Japani, kwa upande wake, hailihesabu jengo hili miongoni mwa Hazina za Taifa. Hadhi hiyo ilikwenda na jengo lililoungua, na ulinzi wa daraja la juu umebaki kwa bustani. UNESCO iliorodhesha hekalu zima. Mgeni hununua picha yake dukani.

Kasri ya wafalme tuipite kwa haraka, kama ziara inavyofanya. Imeungua na kujengwa mara nyingi, na majengo yaliyopo ni ya mwaka 1855. Ni mahali pa utulivu, penye changarawe nyeupe na paa kubwa za gome la mti. Anayetaka kuelewa utawala wa Japani atajifunza zaidi Nijo.

Alasiri

Baada ya chakula cha mchana, ambacho katika ziara nyingi huliwa mahali palipojaa wageni wenzetu, basi husimama mbele ya lango jekundu la jinja ya Heian, lenye urefu wa mita 24 hivi, likivuka barabara ya magari. Wengine huidharau jinja hii kwa sababu ilijengwa mwaka 1895, katika maadhimisho ya miaka 1,100 ya mji. Majengo yake ni mfano wa ukumbi mkuu wa kasri ya mwaka 794, uliopunguzwa hadi sehemu tano kwa nane za ukubwa wake. Sehemu yake iliteketezwa kwa moto mwaka 1976 na kujengwa tena mwaka 1979. Kwa maoni yetu hapa ndipo mahali pakweli kuliko pote katika siku nzima, maana hapa hakuna anayedai kuona kitu chenyewe. Mgeni huambiwa waziwazi: hii ni kumbukumbu, tena imepunguzwa.

Sanjusangendo ni kinyume chake. Ni ukumbi wa mbao wenye urefu wa mita 120 hivi, uliojengwa mwaka 1266 baada ya ule wa kwanza, wa mwaka 1164, kuungua mwaka 1249. Ndani yake mmesimama sanamu 1,000 za Kannon, mwenye huruma, katika safu zinazopanda kama madaraja, 500 kila upande, na katikati ameketi mkubwa wao, kazi ya mchongaji Tankei iliyomalizika mwaka 1254. Katika zile 1,000, 124 ziliokolewa motoni na ni za karne ya 12. Nyingine nyingi zilichongwa upya katika karne ya 13. Kupiga picha kumekatazwa, na katazo hilo lina faida yake: watu hunyamaza, hutembea polepole, na kwa mara ya kwanza tangu asubuhi hutazama kwa macho. Ukarabati wa sanamu hizi ulianza mwaka 1973 ukamalizika mwaka 2017, sanamu chache kila mwaka. Miaka 45. Yawezekana mtu aliajiriwa akiwa kijana katika kazi hiyo na kustaafu kabla haijaisha.

Kiyomizu ndiyo mwisho wa ziara, na ni vyema iwe hivyo, kwani iko juu mlimani na mji wote huonekana kutoka hapo. Mapokeo yasema hekalu lilianzishwa mwaka 778. Ukumbi mkuu wa sasa ni wa mwaka 1633. Sifa yake ni jukwaa la mbao linalotokeza juu ya bonde, kimo chake mita 13 hivi, likishikiliwa na nguzo 18 za mti uitwao keyaki. Nguzo hizo zimefungamanishwa na boriti zinazopenya ndani yake bila msumari, ili mbao ziweze kucheza kidogo ardhi inapotetemeka badala ya kupasuka. Kijapani kina msemo wa kuruka kutoka jukwaa la Kiyomizu, maana yake kujitosa katika jambo gumu bila kurudi nyuma. Zamani msemo huo haukuwa sitiari tupu: walikuwapo watu walioruka kweli, wakiamini kwamba Kannon atawapokea na kuwatimizia ombi, wengi wao wakapona, hadi serikali ilipopiga marufuku mwaka 1872.

Ukale ni nini?

Tazama paa la Kiyomizu. Limeezekwa kwa gome la mti wa hinoki, tabaka juu ya tabaka, nalo lilibadilishwa lote katika ukarabati uliokamilika mwaka 2020. Paa la namna hiyo hudumu miaka 30 hadi 40. Gome huchunwa kwenye mti ulio hai bila kuuua, na baada ya miaka 10 hivi huota jingine la kuchunwa. Mchunaji hupanda mti kwa kamba, akitumia kisu cha mbao ili asiujeruhi moyo wa mti. Hekalu limekwisha kupanda keyaki milimani kwa ajili ya nguzo zitakazohitajika karne zijazo. Kwa hiyo kudumu kwa jengo kunategemea vitu vitatu: mti, mikono ya fundi, na mtu wa kumfundisha fundi mwingine. Kimoja kikikatika, jengo litaoza hata likiwekewa ukuta.

Wajapani walijifunza kutunga sheria ya jambo hili kwa moto. Januari 1949 michoro ya ukutani ya hekalu la Horyuji, karibu na Nara, iliungua. Mwaka 1950 ikatungwa Sheria ya Kulinda Mali za Utamaduni, na kwa marekebisho ya mwaka 1954 ikawezekana kumtambua kwa cheo fundi au msanii mwenye ujuzi adimu, ambaye watu humwita "hazina hai ya taifa". Mwaka 2020 UNESCO nayo iliorodhesha ujuzi wa kutunza majengo ya mbao ya Japani. Mfano wa mwisho wa fikra hii ni jinja ya Ise, ambayo haimo katika ziara ya Kyoto: tangu karne ya 7 nyumba zake kuu hujengwa upya kila baada ya miaka 20, ingawa vita viliikatiza desturi hiyo kwa muda mrefu, kwenye kiwanja kilicho ubavuni mwa kile cha awali, kisha ya zamani hubomolewa. Mara ya 62 ilikuwa mwaka 2013. Je, Ise ina miaka elfu na zaidi, au haijafika hata 20?

Wataalamu wa Ulaya, waliozoea majengo ya mawe, walikuwa wamekwisha kujibu swali hilo kwa namna yao, na Mkataba wa Venice wa mwaka 1964 waonyesha jinsi walivyothamini kitu chenyewe kilichoguswa na wahenga. Novemba 1994 mkutano ulifanyika Nara, na hati iliyotoka humo ilisema kwamba uhalisi hauwezi kupimwa kwa kipimo kimoja kwa tamaduni zote. Waweza kutafutwa katika umbo na malighafi, lakini pia katika matumizi, mapokeo na mbinu za kazi, mahali, na roho ya kitu. Msomaji wa Kongo hulisikia neno la Kifaransa la hati hiyo, "authenticité", kwa sikio lake mwenyewe, kwa kuwa tangu mwaka 1971 lilikuwa jina la siasa ya serikali yetu, iliyobadilisha jina la nchi, majina ya watu na hata mavazi. Hilo lilikuwa agizo. La Nara ni swali. Kiswahili chatusaidia kuyatenganisha, maana kina "asili", kule jambo lilikotoka, na kina "halisi", jambo lilivyo bila kughushiwa. Kinkaku la mwaka 1955 si la asili kwa mbao zake. Kama ni halisi au si halisi, hilo ndilo kiongozi angepaswa kuwaachia wageni walibishanie ndani ya basi.

Mji ulioachwa

Kwenye jukwaa la Kiyomizu, mji ukiwa chini, wageni mara nyingi huuliza imekuwaje mambo haya yote yangalipo, ilhali Tokyo na Osaka ziliteketezwa kwa mabomu. Viongozi wengi hujibu kwamba Henry Stimson, Waziri wa Vita wa Marekani, alikuwa amefanya fungate yake Kyoto na akaupenda mji. Hadithi hii haina msingi. Stimson alioa mwaka 1893. Kyoto aliifika mwaka 1926. Kilicho kweli ni kizito zaidi. Mei 1945 kamati iliyochagua mahali pa kulipua bomu la atomiki iliiweka Kyoto mbele katika orodha, kwa sababu ilikuwa kubwa, haijaharibiwa, na wakazi wake ni watu wenye elimu watakaofahamu vema maana ya silaha hiyo. Jenerali Leslie Groves aliishikilia. Stimson alikataa, akakataa tena Julai, na Rais Truman akakubaliana naye. Katika shajara yake Stimson aliandika hofu yake kwamba kitendo kama hicho kingeacha uchungu ambao ungewafanya Wajapani wasipatane na Wamarekani kamwe, bali waelekee Urusi. Mapenzi kwa mahekalu huenda yalikuwamo. Hesabu za baada ya vita zilikuwamo bila shaka. Kyoto ilipoondolewa, Nagasaki iliingizwa katika orodha siku za mwisho za Julai.

Na sisi tulio Katanga tuna sababu ya kusikiliza sehemu hii kwa makini. Urani ya mradi wa mabomu hayo ilitoka kwa wingi Shinkolobwe, karibu na Likasi, katika mgodi wa Union Minière du Haut-Katanga. Zaidi ya tani 1,000 za mawe yake zilikuwa zimepelekwa New York mwaka 1940, kabla Marekani haijaingia vitani. Waliyoyachimba hawakuambiwa yanakwenda kufanya nini. Anayekaa katika basi hilo akiwa ametoka Lubumbashi anaweza kumwuliza kiongozi, kwa Kifaransa au kwa Kiingereza, kama amepata kulisikia jina la Shinkolobwe. Na swali hilo aliulize mapema, kwa kuwa kutoka Kiyomizu hadi kituo cha treni, ambapo ziara huishia, si mwendo mrefu.